Karani wa intaneti alikuwa nani, na nani alimpa kazi?

Swali: Shikamoo mwalimu. Nina duka la vipuri vya pikipiki hapa Morogoro. Juzi nimesajili jina la tovuti linaloishia na .co.tz. Kijana aliyenisaidia akaniambia zamani majina ya namna hii, ya dunia nzima, yalikuwa mikononi mwa mzee mmoja wa Kimarekani mwenye ndevu ndefu, akiyaandika kwenye daftari lake, na kwamba siku moja aliamka akaiteka intaneti yote. Haya ni ya kweli au ni ya kijiweni? Na kama ni kweli, nani alimpa madaraka hayo?

Jibu: Marahaba, na hongera kwa jina. Kijana wako hakukudanganya, ila ametia chumvi mahali pawili. Mtu huyo alikuwepo, aliitwa Jon Postel, na ndevu alikuwa nazo kweli, zimeshuka hadi kifuani. Lakini hakuwa mzee, alifariki akiwa na miaka 55. Na kuiteka intaneti hakuiteka. Alichofanya siku hiyo ya Januari 1998 nitakieleza, ila hakieleweki mpaka ujue alifikaje hapo. Swali lako la mwisho ndilo lililonifanya nikae niandike jibu refu. Madaraka yale alijipa mwenyewe, hadharani, kwa maandishi, tena akaweka na alama ya kuuliza. Wenzake wakaona sawa, wakaendelea na kazi zao.

Alizaliwa tarehe 6 Agosti 1943, Altadena, California, akasoma sekondari ya Van Nuys, Los Angeles. Shule hiyohiyo ndiko walikosoma Vint Cerf na Steve Crocker, na wote watatu wakaja kukutana tena chuo kikuu cha UCLA, kwenye maabara moja, wakijenga kitu kimoja. Mambo kama haya yakitokea kwenye riwaya msomaji hulalamika. Postel alipata shahada ya kwanza mwaka 1966, ya pili 1968, na ya udaktari 1974, zote hapohapo UCLA.

Maabara ilikuwa ya Profesa Leonard Kleinrock, na mwaka 1969 ndiyo iliyopokea mtambo wa kwanza wa ARPANET, mtandao wa majaribio uliogharamiwa na wizara ya ulinzi ya Marekani. Usiku wa tarehe 29 Oktoba mwaka huo mwanafunzi mmoja, Charley Kline, alijaribu kuingia kutoka hapo kwenye kompyuta ya taasisi ya SRI, kaskazini mwa California. Akachapa L, akachapa O, alipofika G kompyuta ya upande wa pili ikazimika. Ujumbe wa kwanza kabisa ukawa "LO". Baadaye usiku huohuo wakafanikiwa. Tukio hili limesimuliwa sana, mimi silitilii uzito mkubwa. Kilicho kikubwa zaidi kilikuwa kimeshaanza miezi sita kabla, kwenye karatasi.

Wale vijana walikuwa wanaandika kanuni za jinsi kompyuta zitakavyozungumza, na hakuna mkubwa aliyewaambia ni kazi yao. Walihofia siku moja angetokea mtu mwenye cheo akawauliza wamepata wapi ruhusa. Kwa hiyo Crocker alipotoa waraka wa kwanza, tarehe 7 Aprili 1969, aliupa jina la kujishusha: Ombi la Maoni. Herufi za jina hilo kwa Kiingereza ni RFC, na mpaka leo kanuni za intaneti zinatolewa kama RFC, kila moja na namba yake, hata zile ambazo haziombi tena maoni ya mtu. Nyaraka zikaongezeka, ikabidi awepo mtu wa kuzipokea, kuzisoma, kusahihisha lugha, kuzipa namba na kuzituma kwa wenzake. Kazi hiyo ikamwangukia Postel. Aliifanya mpaka anakufa, miaka 28 hivi, na kwa wakati huo zilikuwa zimefika karibu 2,500. Zaidi ya 200 kaziandika mwenyewe au na wenzake.

Sasa tuje kwenye hayo madaraka. Chukua jengo la ghorofa la Kariakoo. Anwani ya jengo ni moja, lakini ndani fundi saa ana mlango wake, wakala wa fedha ana wake, mshonaji ana wake. Kompyuta nayo iko hivyo: anwani moja, milango mingi yenye namba, na kila huduma nyuma ya mlango wake. Tatizo la miaka ile ni kwamba kila jengo lilijipangia. Ukitaka kupeleka faili chuo hiki unabisha mlango huu, chuo kile mlango mwingine. Mei 1972 Postel akaandika RFC 349, karatasi fupi tu, akipendekeza namba ziwe zilezile kila mahali. Na ili zisigongane, akasema awepo mtawala mmoja wa kuzigawa na kutangaza orodha yake. Neno alilotumia ni "czar", lile la wafalme wa zamani wa Urusi, kwa utani, na mbele yake akaweka mabano yenye neno moja na alama ya kuuliza: mimi?

Ndiyo hati ya uteuzi, bwana. Hakuna nyingine ya wakati ule. Hapakuwa na kura, wala kikao, wala barua yenye mhuri. Alikuwa mwanafunzi mwenye miaka 28 aliyeona kuna daftari la kushikwa, akanyoosha mkono. Na kwa kuwa kazi yenyewe inachosha, na hakuna aliyeona kuna ulaji humo, waliobaki walishukuru.

Daftari lenyewe baadaye likawa linachapwa kama RFC kila baada ya muda: mlango huu wa barua, huu wa faili, huu wa majina, na anwani za mitandao iliyokwisha kusajiliwa. Toleo la mwisho la namna hiyo, RFC 1700 la Oktoba 1994, lina kurasa 230. Jina la kwanza juu yake si Postel, ni Joyce Reynolds, aliyefanya naye kazi miaka mingi na ambaye watu husahau kumtaja. Mambo mengi yanayoitwa "ya Postel" yalipita kwenye mikono ya mama huyu.

Baada ya UCLA Postel alipita sehemu kadhaa, ikiwemo SRI, kisha Machi 1977 akaingia taasisi ya ISI ya chuo kikuu cha Southern California, pale Marina del Rey, kando ya bandari ya mashua. Hakutoka tena. Wanaomkumbuka wanasema alivaa makubazi, na likizo zake alizimalizia milimani Sierra Nevada akiwa na begi mgongoni.

Usidhani alikuwa karani tu. Agosti 1977 wenzake walikuwa wanaunda itifaki, yaani kanuni za mazungumzo ya kompyuta, iliyoitwa TCP, na ilikuwa inabeba kila kitu: kuhakikisha data imefika yote na kwa mpangilio, na wakati huohuo kuitafutia njia ya kupita kutoka mtandao mmoja hadi mwingine. Postel akaandika maelezo mafupi, bila kupamba, kwamba tunaharibu. Hizi ni kazi mbili, zitenganishwe. Lori la mizigo halina haja ya kujua ndani ya boksi kuna nini, wala kama mwenye mzigo atalalamika likipotea boksi moja; lenyewe linahitaji kujua linaelekea wapi. Kuhesabu maboksi ni kazi ya aliyetuma na aliyepokea. Mwanzoni mwa 1978 wakakubaliana kugawanya, na ndiyo maana leo tunasema TCP, mhesabu maboksi, kisha mkwaju (/), kisha IP, lori lenyewe. Danny Cohen, aliyekuwa naye ISI akihangaika kupitisha sauti kwenye mtandao, aliupigania sana mgawanyo huo, kwa sababu sauti haisubiri. Neno likipotea katikati ya maongezi, kulileta tena sekunde mbili baadaye ni kuvuruga tu. Kila unapopiga simu ya WhatsApp na sauti ikakatika kidogo kisha ikaendelea, badala ya kuganda kusubiri kile kipande kilichopotea, unaona faida ya ugomvi ule wa 1977.

Kanuni zenyewe zilitoka Septemba 1981, RFC 791, 792 na 793, Postel akiwa mhariri. Ile ya 792 ndiyo inayofanya kazi fundi anapo"ping" ruta yako kuona kama iko hai. Tarehe 1 Januari 1983 ARPANET ikaacha itifaki yake ya zamani na kuhamia TCP/IP. Mpango wa kuhama, hatua kwa hatua, ulikuwa umeandikwa na Postel.

Lakini kama ukiniuliza nipende waraka wake mmoja, nitachagua RFC 821 wa Agosti 1982, ule wa barua pepe. Nauchagua kwa sababu unasomeka kama watu wawili wenye adabu mlangoni. Mgeni akifika, mwenyeji ndiye anayetangulia: 220, nipo. Mgeni anabisha hodi na kutaja alikotoka, kwa neno HELO, lililokatwa herufi moja ili amri zote ziwe na herufi nne. Anajibiwa 250, sawa. Kwenye mfano wa kwanza wa waraka huo, Bwana Smith kutoka kompyuta iitwayo Alpha ana barua ya watu watatu walioko Beta: Jones, Green na Brown. Anamtaja Jones, anajibiwa 250. Anamtaja Green, anajibiwa 550, huyo hayupo hapa. Anamtaja Brown, 250. Smith hanuni wala hageuzi. Anasema nina barua, anajibiwa 354, haya lete, anaimimina mstari kwa mstari, na kumaliza anaandika mstari wenye nukta moja peke yake. Jones na Brown wamepata barua, na Smith anajua kwa hakika kwamba Green hakupata.

Huyo Green nimekutana naye mara nyingi. Miaka kadhaa nyuma niliitwa kwenye ofisi moja mjini, barua za mteja wao mkubwa zinarudi tangu asubuhi, bosi amevimba, vijana wa kompyuta wameshazima na kuwasha seva mara tatu. Nikaomba kumbukumbu za seva. Zilikuwa zimejaa 550, moja baada ya nyingine. Tarakimu ya kwanza ikiwa 4, maana yake sasa hivi haiwezekani, jaribu baadaye. Ikiwa 5, hata ukikesha, jibu ni hilohilo. Kuzima seva kusingesaidia kitu. Mtu alikuwa amekosea herufi moja ya jina la mpokeaji kwenye kitabu cha anwani, basi, na kompyuta ya upande wa pili ilikuwa imewaambia hivyo tangu barua ya kwanza, kwa namba zilizomo kwenye waraka ule wa 1982. Hakuna aliyesoma.

Postel pia ndiye mwenye ule usemi wanaoukariri wahandisi wote wa mitandao: uwe mwangalifu katika unachotuma, uwe mpole katika unachopokea. Yaani wewe fuata kanuni barabara, lakini mwenzako akikosea kidogo na ukaelewa alichokusudia, mpokee. Mwanzoni ulisaidia sana, maana kila chuo kilijitengenezea programu yake na kila moja ilikuwa na kasoro. Ila nisikufiche, upole huo una gharama. Makosa yakivumiliwa muda mrefu yanageuka desturi, na anayekuja baadaye analazimika kuyavumilia nayo, na wezi hupitia humohumo. Mwaka 2023 ilitoka RFC 9413 inayosema wazi kwamba usemi ule usichukuliwe kama zamani. Mimi nakubaliana nayo, kwa kusitasita.

Tufike kwenye jina lako la .co.tz. Mwanzoni kabisa majina ya kompyuta zote yalikuwa kwenye faili moja iliyotunzwa SRI na timu ya Elizabeth Feinler. Ukitaka kompyuta yako ijulikane unawaandikia, wanaiongeza, na kila mtu anachukua nakala upya. Mtandao ulipokua faili likawa halibebeki. Postel akampa mwenzake wa ISI, Paul Mockapetris, kazi ya kutafuta njia nyingine, na Novemba 1983 Mockapetris akatoa mfumo tunaotumia hadi leo: jina linasomwa kutoka kulia kwenda kushoto kama anwani ya posta kutoka nchi kwenda mtaa, na kila ngazi inajua ya chini yake tu. Kwa hiyo .tz inajua .co.tz, na .co.tz inajua duka lako. Juu kabisa pana orodha fupi ya mizizi, yenye ncha zote kama .tz na .com, na orodha hiyo ndiyo iliyokaa kwa Postel.

Swali likawa nani aingie kwenye orodha. Nchi ni ipi? Ungekuwa wewe ungejibu vipi, ukiwa ofisini Marina del Rey, ukiandikiwa na watu wanaosema wao ni nchi na majirani zao wanasema si nchi? Postel alilikwepa kwa busara ambayo mwanadiplomasia angemwonea wivu. Alichukua orodha iliyokwisha kuwepo, ISO 3166, yenye herufi mbili za kila nchi, akasema hiyo ndiyo hiyo. Kwenye RFC 1591 ya Machi 1994 akaandika kwamba si kazi yake kuamua kipi ni nchi na kipi si nchi. Uingereza ndiyo imebaki mkia nje, kwani kwenye orodha ile ni GB lakini wao walishaanza na .uk. Ndugu zetu wa Kongo wanaujua mfumo huu kwa kuishi nao: Zaire ilikuwa .zr, nchi ikabadili jina mwaka 1997, ikaja .cd mwaka huohuo, na .zr ikafutwa 2001. Kenya iliingia na .ke mwaka 1993, Uganda na Tanzania mwaka 1995.

Waraka huo wa kurasa chache ndio moyo wa jambo lote, na una sentensi ambayo ningependa kila anayebishania jina la kikoa aisome kabla ya kwenda kwa wakili. Anasema kuzungumzia "haki" na "umiliki" wa majina haya ni kwenda nje ya mada. Kinachofaa kuzungumzwa ni "wajibu" na "huduma" kwa jamii. Mtu aliyekabidhiwa .tz au .ke alihesabiwa mshika amana kwa niaba ya nchi yake na kwa niaba ya watumiaji wote wa dunia. Masharti yalikuwa machache: msimamizi, au walau mmoja wa wahusika wake, akae nchini humo, awahudumie wote sawa bila kupendelea, wadau wa pale wakubaliane naye, na kazi aiweze. Sehemu nyingi aliyekabidhiwa alikuwa mhadhiri au fundi wa chuo kikuu, kwa kuwa ndiye aliyekuwa na kompyuta iliyounganishwa na ndiye aliyeomba. Serikali nyingi hazikuwa na habari. Baadaye zilipopata habari, zikauliza swali lilelile uliloniuliza wewe, kwa sauti ya juu zaidi.

Fedha ndiyo iliyovuruga utulivu. Mpaka 1995 kusajili jina la .com ilikuwa bure, serikali ya Marekani inalipa. Septemba mwaka huo kampuni iliyokuwa na mkataba, Network Solutions ya Virginia, ikaruhusiwa kutoza dola 50 kwa mwaka. Wakati huo kila biashara ilikuwa inataka jina, na kampuni ni moja tu inayouza. Daftari ambalo halikuwa na ulaji sasa likawa na mabilioni ndani yake. Postel na wenzake walipendekeza ziongezwe ncha mpya na wauzaji wawe wengi. Kampuni haikutaka, na serikali ya Bill Clinton nayo ikaanza kujiuliza hili jambo ni la nani.

Hapo ndipo palipotokea kisa cha kijana wako. Duniani kulikuwa na seva 13 za mizizi, zinazotunza orodha ile ya juu kabisa, na namba hiyo inatokana na udogo wa pakiti, kifurushi kimoja cha data: majina 13 ndiyo yaliyotosha kwenye jibu moja la baiti 512. Seva kuu, yenye jina A, ilikuwa kwa Network Solutions, na 12 zilizobaki zilinakili orodha kutoka kwake. Tarehe 28 Januari 1998 Postel akawaandikia barua pepe waendeshaji wa seva 8 kati ya hizo 12, akawaomba kuanzia sasa wanakili kutoka kwenye kompyuta iliyoko kwake ISI. Hakuwaamuru, maana hakuwa bosi wao. Wote 8 wakafanya alivyowaomba.

Wewe na mimi tusingehisi chochote, kwa sababu orodha zote mbili zilikuwa sawa, neno kwa neno. Lakini Washington walielewa maana yake. Ira Magaziner, mshauri wa Clinton aliyekuwa anashughulikia suala hilo, alikuwa anakaribia kutangaza mapendekezo ya serikali, na kumbe zaidi ya nusu ya mizizi ya intaneti inamsikiliza mtu mmoja wa California kwa sababu tu wanamwamini. Simu zikapigwa, kwake na kwa chuo kikuu. Postel akasema yalikuwa majaribio, kuona kama kuhamisha kunawezekana bila kuvunja kitu, na ndani ya siku chache akarudisha kama zamani. Tarehe 30 Januari mapendekezo yakatoka.

Majaribio? Kitaalamu ndiyo, hakudanganya. Usingetaka kuhamisha mizizi siku ya kwanza bila kujaribu. Lakini mtu aliyepima kila neno kwa miaka 28 hachagui siku mbili kabla ya tangazo kwa bahati. Naona alitaka ionekane, mara moja tu na bila kumuumiza mtu, kwamba mkataba wa serikali ni karatasi na utii wa wale waendeshaji ni kitu kingine. Kisha akarudisha. Mtekaji harudishi.

Yeye mwenyewe alishajua kwamba daftari limekuwa kubwa kuliko mtu mmoja. Miezi iliyofuata aliitumia kuandaa shirika la kulipokea, ICANN, lililosajiliwa California mwisho wa Septemba 1998. Tarehe 7 Oktoba alikuwa mbele ya kamati ya bunge la Marekani akiwaeleza mpango wake. Tarehe 16 Oktoba akafariki Los Angeles, kwa matatizo yaliyofuata upasuaji wa moyo. Shirika alilolijenga halikuwa limetimiza hata mwezi.

Vint Cerf, yule wa shule moja, alimwandikia taazia iliyotolewa kama RFC, namba 2468. Kwa mhariri wa RFC hakuna jeneza zuri kuliko hilo. Kuna pia tuzo yenye jina lake iliyoanzishwa na shirika la Internet Society. Mwaka 2007 ilikwenda kwa Profesa Nii Quaynor wa Ghana, aliyehangaika kuliko wengi kuunganisha Afrika na kuanzisha AfriNIC, shirika linalogawa anwani za intaneti barani kwetu. Kwa hiyo ile anwani ya ruta ya mtoa huduma wako, kama umeitazama ikakuchosha kwa tarakimu zake, imetoka kwenye kipande cha daftari lilelile.

Serikali ya Marekani iliendelea kushika mkataba wa usimamizi wa mizizi mpaka tarehe 1 Oktoba 2016, ulipoachwa uishe, na kazi ikabaki kwa ICANN na wadau wake. Seva za mizizi bado zinaitwa kwa herufi 13, A mpaka M, ila nakala zake sasa ni zaidi ya elfu moja duniani, na zimo Nairobi na Dar es Salaam. Mteja wako wa Msamvu akifungua tovuti yako, swali la ".tz ni nani" halina haja ya kuvuka bahari.

Kwako, kitu kimoja cha kuzingatia, maana najua utaniuliza. Jina hukulinunua, umepewa kulitumia kwa muda, na muda ukiisha bila kulipia linarudi kwenye orodha na mwingine analichukua. Hakikisha kwenye usajili limeandikwa jina lako na barua pepe yako, si za kijana aliyekusaidia, hata kama ni mwaminifu. Nimeona maduka matatu yakipoteza majina kwa sababu fundi alihama mji.

Na ukitaka kumsikia Postel mwenyewe, mwambie kijana huyo akae kwenye kompyuta iliyoko ndani ya mtandao wa seva yako ya barua, maana laini nyingi za simu zimefunga mlango 25, ule wa barua, aunganishe kwa programu ya telnet kwenye mlango huo. Seva itatangulia, 220. Apige hodi kwa HELO na jina la kompyuta yake, atajibiwa 250. Amtaje anayetuma kwa MAIL FROM, kisha ajaribu RCPT TO ya mtu asiyekuwepo, ampe jina Green kama anapenda. Itakuja 550. Aandike QUIT. Seva itajibu 221 na kukata laini.